Namna ya Kuigeuza Safari Ngumu Kuwa Filamu ya Tafakuri

Anayetembea kwa miguu kutoka Bagamoyo hadi Ujiji, mwendo wa takribani kilomita 1,200 kwa njia ya kale ya misafara, hufika akiwa na mwili uliokonda na kadi zilizojaa picha, na hakuna kati ya hivyo viwili kilicho filamu. Nililitambua hilo wiki chache baada ya kuimaliza njia hiyo, nilipokaa mbele ya kompyuta nikitazama zaidi ya saa 30 za mtu anayetembea, anayekunywa maji na kusema kwamba amechoka. Mtu huyo nilikuwa mimi, na alinichosha.

Mwongozo huu ni kwa ajili ya yule ambaye tayari ana miguu, pumzi na ukaidi wa safari ndefu, awe mkimbiaji wa masafa, mwendesha baiskeli, mpiga makasia au mpanda milima, na ambaye angependa safari yake izae filamu ya hali halisi inayofikiri: filamu ambayo mtazamaji akiisha kuitazama hubaki akijadiliana na nafsi yake juu ya jambo fulani, badala ya kumpigia makofi msafiri na kwenda kulala.

Swali lisilojibiwa na kufika

Kosa kubwa hufanyika kabla mzigo haujafungwa. Msafiri huamini kwamba hadithi yake ni "je, nitafika?", na kwake yeye swali hilo ni la kweli, kwa kuwa ndilo linalomwamsha usiku. Kwa mtazamaji, hata hivyo, limekwisha kufa, kwa sababu filamu ipo mbele yake na sauti ya aliyeitengeneza inasikika. Unahitaji swali la pili, ambalo hata ukifika halitakuwa limejibiwa, na ambalo hata ungekwama njiani lingekuwa bado na maana. Liandike kwa sentensi moja kwenye ukurasa wa kwanza wa daftari, uweke tarehe, na usilifute hata litakapokutia aibu baadaye.

Swali langu la kwanza lilikuwa kama mwili wa mtu wa mjini unaweza kufanya kile ambacho miili ya wapagazi ilifanya katika karne ya 19. Mzigo wa mpagazi ulihesabiwa kwa frasila, kila frasila ikiwa na takribani kilo 16, na wengi walibeba frasila mbili kwa miezi kadhaa, pembe za ndovu zikienda pwani na vitambaa na shanga zikirudi bara. Mfuko wangu haukufika hata frasila moja. Nilidhani tofauti hiyo ndiyo filamu.

Katika kijiji kimoja cha Ugogo, magharibi ya Mpwapwa, mzee mmoja aliyekuwa akisokota kamba aliniacha nimalize kueleza safari yangu yote, kisha akaniuliza, "Wale walibebeshwa. Wewe umebeba nini, mjukuu wangu?" Nikamjibu, "Maji, babu, na chakula, na kamera hii." Akasema, "Vya kwako mwenyewe," akaendelea kusokota kamba yake. Kuanzia jioni ile swali langu la kwanza likawa la kitoto, na jingine likachukua nafasi yake: nini maana ya kuyachagua kwa hiari mateso ambayo wengine hawakuyachagua? Filamu yote imesimama juu ya swali hilo la pili, lakini lile la kwanza nimeliacha mwanzoni mwa filamu likiwa na ujinga wake wote, kwa sababu mtazamaji anahitaji kuniona nikiliacha.

Hilo linawezekana tu ukijiandalia nafasi ya kubadilika. Kila siku ya saba, popote ulipo, soma mbele ya kamera swali uliloliandika mwanzoni, kisha useme kama bado unalikubali. Usijitayarishe. Katika safari ya wiki nane utakuwa na majibu manane ya mtu yuleyule, na ukiyapanga kwa mfuatano utaona mahali alipoyumba.

Kama kuna anayedhani kwamba kuitafakari safari namna hii ni desturi ya kuazima, akumbuke kwamba mwaka 1901 zilichapwa Ujerumani habari za safari zilizoandikwa na Waswahili wenyewe, akiwamo Selemani bin Mwenye Chande aliyeeleza safari yake ya bara, na Salim bin Abakari aliyekwenda hadi Urusi na Siberia. Njia ya Bagamoyo kwenda Ujiji imesimuliwa kupita kiasi na waliobebewa mizigo. Anayeitembea leo kwa Kiswahili ana kazi ambayo bado haijafanywa vya kutosha.

Vifaa na vibali

Juu ya vifaa nitasema machache, kwa kuwa wasafiri hupoteza humo muda ambao wangeutumia kufanya mazoezi. Kamera moja ndogo inayostahimili vumbi, simu nzuri kama akiba, tripodi nyepesi, na maikrofoni mbili, moja ya kubana kwenye kola na nyingine ya kuweka juu ya kamera, vinatosha. Kama kuna fedha ya ziada, itumie kwenye sauti. Mtazamaji huvumilia picha yenye vumbi, lakini sauti iliyoliwa na upepo humfanya aache kutazama. Kifuniko cha manyoya cha maikrofoni ni kitu kidogo kilichoniokolea siku nyingi katika uwanda wa Dodoma.

Weka kamera kwenye fremu 25 kwa sekunde na kasi ya shata, yaani muda ambao kila fremu hupokea mwanga, ya 1/50 ya sekunde. Umeme wa Afrika Mashariki ni wa hezi 50, na ukiacha kamera kwenye mpangilio wa Marekani wa fremu 30 na shata ya 1/60, taa za dukani na za hospitali zitapepesa kwenye picha. Kwa kuwa 1/50 huingiza mwanga mwingi mchana, beba kichujio cheusi cha lenzi, vinginevyo anga yote itakuwa nyeupe kama karatasi. Mwanga mzuri kwetu ni mfupi: jua huku karibu na ikweta hupanda karibu wima, na lile la rangi ya dhahabu ambalo wapigapicha wa Ulaya hulifurahia kwa muda mrefu, hapa huisha muda mfupi baada ya saa moja asubuhi. Kama unataka picha hizo, kahawa itasubiri.

Fanya hesabu ya umeme na ya nafasi kabla ya kuondoka. Pawabenki ya mAh 20,000 ina takribani saa-wati 74, na betri ya kamera ndogo huwa na saba au nane, lakini kutokana na upotevu usitegemee kuchaji zaidi ya betri sita. Vijijini vibanda vya kuchajia simu vitakusaidia ukikaa usiku mmoja. Kamera ikirekodi kwa megabiti 100 kwa sekunde hujaza takribani gigabaiti 45 kwa saa. Mimi nilipunguza hadi nusu ya kiwango hicho na hakuna mtazamaji aliyewahi kuniuliza. Nakala ziwe tatu, na moja isiwe mgongoni mwako: kila nilipofika mji mkubwa, Dodoma na baadaye Tabora, niliweka kadi zilizojaa ndani ya bahasha ngumu na kuzituma nyumbani kwa basi kama watu wanavyotuma vifurushi vingine, na sikuzifuta zile zilizobaki kwangu mpaka niliposikia kwamba bahasha imepokelewa na kufunguliwa.

Kwa upande wa vibali, kwa Tanzania anza na Bodi ya Filamu, kisha uangalie njia yako inapita wapi, kwa maana hifadhi za taifa zina utaratibu wake chini ya TANAPA na misitu ya hifadhi iko chini ya TFS, wakala wa misitu. Droni inahitaji kibali cha Mamlaka ya Usafiri wa Anga na idhini ya vyombo vya ulinzi. Mimi sikuibeba, na sikuijutia. Picha ya mtu akiwa nukta ndogo katika pori pana ni nzuri kwa sekunde nne, lakini haina fikra ndani yake, na zaidi ya hayo inadanganya, kwa kuwa msafiri mwenyewe hakuiona dunia kutoka huko juu hata siku moja. Madaraja makubwa, kambi na mitambo ya serikali usielekeze kamera bila kuuliza. Na kila kijiji, kabla ya kitu kingine chochote, nenda ofisi ya mtendaji, usaini kitabu cha wageni, ueleze unatoka wapi na unakwenda wapi. Barua yenye mhuri itakufungulia milango mingi kuliko lenzi yoyote.

Kurekodi ukiwa umechoka

Ujue kwanza gharama ya kujipiga picha mwenyewe. Ili uonekane ukipita umbali wa mita 200 mbele ya kamera, utaisimamisha, utatembea mita 200, utarudi 200 kuichukua, kisha utazitembea tena zilezile. Picha kumi za namna hiyo kwa siku ni kilomita nne za ziada, na mwili unaotembea kilomita 20 kwa siku hauzisamehe. Kwa hiyo usizipige kila siku. Chagua siku moja kati ya nne iwe siku ya picha, upunguze mwendo wa siku hiyo, na siku nyingine ubaki na kile ambacho mkono unaweza kukishika ukitembea: miguu, kivuli, fimbo, mtu anayekuja mbele, maji yakimiminwa kwenye chupa.

Kuzungumza na kamera ni jambo jingine, nalo halina likizo. Nilijiwekea vipindi vitatu, alfajiri kabla ya kuvaa viatu, mchana nikiwa nimechoka kabisa, na usiku ndani ya hema, kila kimoja kisizidi dakika mbili. Alfajiri mtu husema mipango, usiku husema falsafa, na yote mawili kwa kawaida hutupwa. Kinachobaki ni cha mchana. Mtu aliyetembea saa sita juani hana nguvu za kuremba maneno, na mara nyingi huacha sentensi katikati, akaangalia pembeni, akanyamaza. Usirudie kurekodi kwa sababu umekosea neno. Usieleze pia kile ambacho kamera inakiona. Ukisema "hapa ni mlima" huku mlima uko nyuma yako, umepoteza pumzi ya bure. Sema kile ambacho kamera haiwezi kukijua, kwa mfano kwamba tangu asubuhi umekuwa ukimwaza mtu uliyegombana naye.

Pamoja na kamera, andika daftari la karatasi kila usiku, na usimwonyeshe mtu. Ushauri huu ndio mzito kuliko yote niliyo nayo. Mtu hajisemi kwa namna moja mbele ya lenzi na mbele ya karatasi, hata akijitahidi. Katika misitu ya miombo magharibi ya Tabora, kati ya mbung'o na joto, nilisema mbele ya kamera kwamba moyo umetulia na sina shaka na lolote. Usiku uleule niliandika kwamba nimeisikia treni ya Kigoma ikipita kwa mbali na kwamba nimehesabu fedha zangu mara mbili kuona kama zinatosha nauli. Reli ya kati iliyofika Kigoma mwaka 1914 imefuatana na njia ya misafara kwa sehemu kubwa, na hivyo kishawishi hicho hakikuniacha mpaka mwisho. Nilipoviweka vile viwili pamoja miezi mitano baadaye, uso uliotulia juu ya skrini na maneno ya daftari chini yake, nilipata dakika bora ya filamu nzima bila kuwa nimeipiga kwa makusudi.

Sauti irekodiwe hata pasipo picha. Kila unapopiga kambi, weka kinasa sauti chini kwa dakika mbili, ukae kimya, usitafune, usikune. Vyura wa bonde la Malagarasi, pampu ya kisima cha kijiji, mvua juu ya mabati ya shule walikonipa darasa la kulala, vitu hivyo ndivyo vitakavyokubeba pale ambapo picha haipo.

Na picha haitakuwapo wakati unaihitaji sana. Yule mzee wa Ugogo aliponiuliza nimebeba nini, kamera ilikuwa ndani ya mfuko, na ilipaswa kuwa ndani ya mfuko, kwa sababu tulikuwa bado tunaamkiana. Ushawishi wa kumwomba aseme tena siku ya pili ulikuwa mkubwa. Angekubali, na sentensi ingekuwa ileile, lakini angekuwa anaigiza kwa ajili yangu. Badala yake nilijirekodi jioni ile nikieleza alichoniambia wakati bado kinaniuma, na nikarekodi sauti ya ua wake kukiingia giza, mbuzi na ndoo na redio. Katika filamu skrini inabaki nyeusi kwa sekunde 40, ua unasikika, na ninasimulia. Watazamaji wengi huniambia kwamba wanamkumbuka uso wake.

Filamu ya chelezo cha Kon-Tiki, kilichokwenda kwa siku 101 mwaka 1947 kutoka Peru hadi visiwa vya Polinesia, ilipigwa na mabaharia ambao hawakuwa watu wa sinema, ikiwa na picha chache na nyingine zilizoharibika, na bado ilipata tuzo ya Oscar ya filamu ya hali halisi kwa mwaka 1951. Potwe anayefuatana na chelezo, samaki yuleyule mkubwa ambaye wavuvi wa Mafia wanamjua vizuri, anaonekana kwa muda mfupi tu, na ufupi huo unatuambia kwamba wale watu sita walikuwa na kazi nyingine ya kufanya wakati huo, yaani kubaki hai.

Watu unaowakuta

Filamu ya msafiri mmoja ina hatari ya kuwageuza watu wengine wote kuwa mandhari. Wanapita, wanapunga mkono, wanachota maji, na msafiri anaendelea na mawazo yake makubwa. Dawa yake inataka muda: fika mapema, keti, kula unachopewa, jibu maswali yao yote kabla ya kuuliza la kwako. Nilijiwekea sharti la kutotoa kamera kabla mwenyeji hajaniuliza ndani ya mfuko mna nini, na karibu wote waliuliza. Baada ya hapo eleza kwa maneno ya wazi kwamba picha zitaonekana na watu wengi, pengine kwenye intaneti, na kwamba mtu anaweza kukataa leo au hata kesho kabla hujaondoka. Tanzania ina Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022, na idhini ya mtoto hutoka kwa mzazi au mlezi. Lakini hata kama sheria isingekuwapo, uso wa mtu ni mali yake.

Rekodi idhini hiyo kwa sauti, katika lugha ambayo mtu anaijua vizuri. Kigogo, Kinyamwezi na Kiha vilinikuta sina mkalimani mara nyingi, na nilikosea mara mbili kwa kumkatiza mzungumzaji arudi kwenye Kiswahili ili niweze kumwelewa papo hapo. Mwache aseme kwa lugha yake, tafsiri itapatikana baadaye kwa mtu anayeijua lugha hiyo tangu utotoni, na maandishi chini ya picha yataifikisha. Kama mtu ameimba, muulize wimbo ni wa nani, umlipe, na uandike mlichokubaliana. Kwa nyimbo zilizorekodiwa na wasanii, masuala ya haki yanashughulikiwa na COSOTA, ofisi ya hakimiliki ya Tanzania.

Usimtumie mtu maskini kama kipimo cha ushupavu wako. Mwanamke aliyenipita akiwa na ndoo ya lita 20 kichwani na mtoto mgongoni, huku mimi nimeegemea mti nikipumua, hakuwa akinifundisha somo. Alikuwa akienda nyumbani. Nilimpiga picha kwa mbali, kisha nikaifuta, kwa sababu sikuwa nimemuuliza jina wala ruhusa, na kwa sababu nilijua fika ni sentensi gani ningeisema juu ya picha ile.

Mezani

Ukirudi, usifungue kadi kwa mwezi mmoja, isipokuwa kuhakikisha kwamba nakala zote zinafunguka. Mwili bado unajisifu na kumbukumbu bado ni mbichi. Utachagua picha zilizokuwa ngumu kuzipata badala ya zinazosema kitu. Mwezi ukipita, tazama kila kitu kwa mfuatano wa siku, bila kukata chochote, na daftari jipya likiwa pembeni. Andika namba ya klipu, mahali, kinachoonekana, maneno yaliyosemwa, na pembeni kabisa weka alama pale ulipoona aibu kujitazama. Alama hizo nilizihesabu nikapata 23, na 15 kati yake zimo ndani ya filamu.

Baada ya hapo ni kuacha, na kuacha kunauma. Novemba 1915, meli ya Endurance ya msafara wa Ernest Shackleton ilipokuwa imepondwa na barafu ya Bahari ya Weddell, mpigapicha Frank Hurley alizamia ndani ya maji baridi ya meli hiyo kuziokoa sahani zake za vioo, kisha yeye na Shackleton wakakaa juu ya barafu wakachagua takribani 120, na takribani 400 zilizobaki wakazivunja papo hapo, ili asije akashawishika kuzirudia. Sisi hatuna haja ya kuvunja kitu, lakini tuna haja ya ukali ule. Hamisha klipu ulizozikataa kwenye diski nyingine, uiweke kwa rafiki, na uhariri kwa zile tu zilizobaki. Kutoka saa 30 nilibakiza nne, na kutoka nne nikapata dakika 27. Safari ya mtu mmoja mara chache huhimili zaidi ya nusu saa.

Usizipange zote kwa mfuatano wa ramani. Mfuatano wa miji, Bagamoyo, Mpwapwa, Kilimatinde, Tabora, Ujiji, ni uti wa mgongo mzuri na unamsaidia mtazamaji asipotee, lakini uzito ugawe kwa kufuata swali. Kati ya Kilimatinde na Tabora nilitembea siku nyingi na zimepewa dakika moja na nusu, kwa kuwa hakuna kilichobadilika ndani yangu. Jioni moja ya Ugogo imepewa dakika tano. Ujiji, kwenye ziwa, nimeupa sekunde zisizofika 60, na rafiki aliyenisaidia kuhariri alipinga sana. Alitaka nionyeshe machozi, ngoma na maji. Picha za machozi zilikuwapo. Nilizitoa kwa sababu zilikuwa zikijibu lile swali la kwanza, la kama nitafika, na hilo tulikuwa tumeachana nalo tangu Ugogo.

Sauti ya anayesimulia

Hapa ndipo filamu ya tafakuri hujengwa au hubomoka. Ndani yake mna watu wawili wanaotumia jina moja: aliyesafiri, ambaye hakujua kesho, na anayekumbuka, ambaye anajua yote na ana hamu ya kuonekana mwenye busara. Filamu inayofikiri huwaacha wawili hao wakosane. Filamu mbovu humtuma wa pili kumweleza na kumpamba wa kwanza.

Kiswahili kinampa msimulizi chombo ambacho wengi hawakitumii ipasavyo, nacho ni nyakati za kitenzi. Maneno uliyoyasema njiani yamejaa -na- na -me-: "ninapanda", "nimeishiwa maji", "sijui kama kijiji kipo mbele". Sauti unayoirekodi baadaye, ndani ya chumba ulichokitundika mablanketi ukutani ili kuzima mwangwi, iache iseme kwa -li- na -ka-: "Nilifika kisimani nikakuta kimekauka, nikakaa chini, nikafungua daftari." Mtazamaji atajua, bila kuambiwa wala kuandikiwa kwenye skrini, ni yupi kati ya wawili anayezungumza. Katika jaribio la kwanza nilisimulia yote kwa wakati uliopo, nikidhani nitaongeza msisimko, na matokeo yake umbali wote kati ya safari na kumbukumbu ulitoweka. Ilibaki sauti moja inayojua na kujifanya haijui.

Andika simulizi baada ya kupanga picha, kamwe si kabla yake. Soma kwa sauti kila sentensi huku picha zinapita, na kila mahali ambapo picha inasema kitu hichohicho, futa maneno. Kwa kasi yangu ya kusoma, maneno 100 hujaza dakika nzima, nami nilijiwekea kikomo cha maneno 800 kwa filamu yote, yaani dakika nane za kusema na 19 za kunyamaza au kuwasikiliza wengine. Sentensi yoyote inayoanza na "nilijifunza kwamba" niliikata. Penye mgongano kati ya kamera na daftari, soma daftari kama lilivyoandikwa, pamoja na makosa yake, na usiongeze maelezo.

Onyesha rasimu kwa watu watatu ambao hawakupendi sana. Usiwaulize kama ni nzuri. Waulize swali la filamu ni lipi, na wakikupa majibu matatu yanayokaribiana, umefika. Wakikuambia kwamba umekuwa jasiri, rudi mezani.

Kuionyesha

Matamasha yapo. Lile la Zanzibar, ZIFF, limekuwa likionyesha filamu ndani ya Ngome Kongwe tangu mwishoni mwa miaka ya 1990, na kwa filamu za milima na safari kuna Banff nchini Kanada, lililoanza mwaka 1976, na Kendal nchini Uingereza. Soma masharti yao mapema, hasa juu ya kuiweka filamu kwenye intaneti, kwa sababu baadhi ya matamasha hutaka yawe ya kwanza kuionyesha. Toleo lenye maandishi ya Kiingereza litakuhitaji tafsiri ya kuaminika. Usiiachie programu ya kompyuta, maana "mpagazi" na "mtumwa" ni watu wawili tofauti, na programu niliyoijaribu iliwachanganya.

Kabla ya tamasha lolote, hata hivyo, ipeleke njiani. Mimi nilirudi kwa basi na projekta ya kukodi, shuka nyeupe na jenereta ya dukani, nikaionyesha katika vijiji vinne. Katika kijiji cha yule mzee, sehemu ya skrini nyeusi ilipofika watoto walipiga kelele wakidhani mashine imezimika, mpaka waliposikia mbuzi wao. Mzee mwenyewe alisema mbuzi mmoja kati ya wale amekwisha kuuzwa. Waachie nakala pia, kwa kuwa filamu huko hutazamwa kwenye simu na kupitishwa kutoka kadi hadi kadi: toleo la dakika 27 lililobanwa hadi megabiti moja na nusu kwa sekunde huchukua takribani megabaiti 300, linaingia kwenye memori kadi ya bei ndogo, na faili lipe jina la kijiji, si jina lako, ili mtu akilitafuta miaka miwili baadaye alipate.